Kilio Kilichokatwa

Uvumi ulisema hivi: Mama Séphora amekubali. Ameungama kwa mdomo wake mwenyewe, ndani ya telefone, kwamba yeye ndiye aliyemwua bwana yake.

Ulitoka mdomoni mwa nani, Delphine hajui hadi leo. Jumatatu ulikuwa bado mwembamba, ukipita kati ya meza za soko la Kampemba kama moshi wa makala yaliyolowa. Jumatano ulikuwa umenenepa, tayari una sumu ndani yake. Alhamisi sumu ilikuwa imetiwa kwenye chai, na tayari kulikuwa na mtu aliyekiona kikombe.

Delphine anauza samaki wakavu. Samaki hao wanatoka Kilwa, kando ya ziwa Mweru, wanakuja juu ya malori siku mbili, siku tatu, na mvua ikinyesha wiki nzima. Bwana yake, Rigobert, fundi wa reli, alikufa kwenye barabara hiyo hiyo miaka miwili iliyopita, lori lilipopinduka kwenye tope. Walikufa watu kumi na mmoja. Mtaa mzima unajua habari ya lori lile, mtaa mzima ulikuja kwenye kilio, yaani matanga yake. Sasa sumu inaingia wapi? Lakini uvumi haukuulizwa swali hilo. Walisema tu: kumi waliuawa na lori, wa kumi na mmoja alikuwa ameshakufa kwa sumu, amekaa tu ndani yake.

Alhamisi hiyo wateja walianza kuinua samaki, kumnusa, na kumrudisha. Mmoja alifuta vidole kwenye kikwembe alichojifunga kiunoni. Hapo ndipo Cathy, muuza lengalenga wa meza ya pili, alipoinamisha kichwa akijifanya anafunga mafungu ya mboga.

"Mama Séphora, miye siko muntu wa kusema-sema. Unaniyua."

"Ninakuyua. Unapita redio."

"Basi leo sicheki. Banasema ulikubali."

"Nilikubali nini?"

"Mambo ya Papa Séphora. Kama ni weye."

"Ni miye nini?"

Cathy akakata kamba kwa meno. "Usinilazimishe kumalizia, mama. Bantu banasikia."

Delphine alitaka kucheka, na kicheko kilimfika hadi kooni. Lakini Cathy alikuwa ameshachomoa telefone kutoka kifuani, akaipangusa, akamshikisha.

Kwanza kulikuwa giza. Halafu mkono wa mwanamke ukafunga mlango polepole. Halafu kikombe juu ya meza, kikombe cheupe chenye maua ya bluu, mvuke unapanda. Halafu yeye. Delphine mwenyewe, amekaa chini juu ya mkeka, nywele wazi, midomo imekauka, kikwembe kimefungwa kifuani. "Mi njo nilikuua!" alikuwa analia, na sauti ilikuwa sauti yake, ile ya kukwaruza inayomtoka akipandwa na uchungu. "Mi njo nilikuua, baba!" Halafu maandishi. Shule yake iliishia mwaka wa sita, kwa hiyo alisoma taratibu, kipande kwa kipande, na Cathy alilazimika kurudisha mara mbili ili amalize. Jina la filamu. Chini yake: imeandikwa na kuungwa na Séphora Mwaba.

Séphora Mwaba ni mtoto wake.

"Kikombe si yangu," alisema Delphine.

Ndilo neno la kwanza lililomtoka. Hakusema sikumwua, hakusema huu ni uongo. Alisema kikombe si yangu. Na Cathy, mtu wa kucheka na kila kitu, hakucheka.

*

Inafaa kueleza kazi ya Séphora, kwa sababu wazazi wengi hawaijui, na Delphine naye alidhani anaijua.

Alianza parokiani, akiwa na miaka kumi na mitano, kwa kuandika michezo ya vijana. Kwenye mchezo wa Noeli alimpa mfalme Herode katibu mvivu anayepoteza barua, na watu walicheka mpaka padri akasimama kuomba utulivu. Akaendelea. Alijaza madaftari. Chuo kikuu kilimshinda akiwa mwaka wa pili, mara baba alipokufa, na tangu hapo akawa kule Kamalondo, kwenye studio ya bwana mmoja anayeitwa Elisée, chumba kimoja kati ya fundi wa nguo na baa. Elisée anashika kamera. Séphora anakaa mbele ya mashine, anakata na kuunga. Ni ndoa, ubatizo, na zaidi ya yote vilio. Kwetu kilio kinapigwa filamu, maana ndugu walio Kalemie na Kolwezi na Ulaya wanataka kuona nani alikuja, nani alilia, nani alikaa mbele na nani alijificha nyuma.

"Mama, kazi yangu ni kutoa," Séphora alimweleza siku za mwanzo.

"Kutoa nini?"

"Byenye habifae. Muntu anakuna pua, ninatoa. Bantu banagombania biti bya kukalia, ninatoa. Mulevi anaimba, ninatoa. Halafu ninaweka wimbo ya kanisa pa juu."

Delphine alielewa vizuri sana. Ni kama kupasua samaki. Matumbo nje, nyama inabaki, chumvi, jua. Alifurahi hata kuona kazi ya mama na kazi ya mtoto zinafanana.

Mwaka huu sasa Séphora alikuwa na filamu yake mwenyewe. Si ndoa ya watu. Dakika arobaini, ameiandika kwa miaka mitatu, na ukumbi mmoja wa mjini ulikubali kuionyesha Jumapili inayokuja. Delphine alikuwa amelitangaza jambo hilo soko zima.

"Filamu inaandikwaka?" Cathy alishangaa siku ile. "Si banasemaka tu?"

"Inaandikwa yote. Hata kukohoa inaandikwa."

"Eh! Mutoto wako anaandika kukohoa ya bantu!"

Walicheka sana. Ilikuwa wiki mbili zilizopita.

*

Ijumaa asubuhi ujumbe ulifika kutoka kwa Guelor, kaka mkubwa wa marehemu. Myriam, bibi yake wa ndoa, ndiye aliyeuleta kwa miguu, na alikataa kukaa. Kikao cha familia Jumamosi, saa nane. Uje na mtoto. Uje na funguo za lupango.

Delphine hakuhitaji kuelezwa. Lupango, yaani kiwanja na vyumba vyake vitatu, kilikuwa cha baba wa Rigobert na Guelor. Baada ya kilio familia ilimwachia mjane akae, kwa sababu alimzika bwana yake vizuri. Mjane aliyemwua bwana yake hakai. Anatoka na kikwembe alichovaa, na hakuna jirani atakayempokea.

Alifunga meza, akaenda Kamalondo.

Njiani kichwa chake kilikuwa kinafanya jambo baya. Kilikuwa kinamrudisha kwenye asubuhi ile Rigobert alipoondoka. Je, alimpa chai? Alimpa. Kwa kikombe gani? Cha bati, chenye mkono uliovunjika. Ndiyo, cha bati. Lakini kila alipokitazama kwa macho ya moyoni, kile cha bati kilikuwa kinapauka, na pembeni yake maua ya bluu yanatokea. Alipita mbele ya fundi wa nguo, akaingia studio.

Ndani, Séphora alikuwa na visikilizio masikioni. Elisée alikuwa anakula mkate na karanga.

"Mama! Unakuya bila kuniita?"

"Nilikuita asubuyi yote, telefone yako inalala. Séphora, mu filamu yako mule, ule mwanamuke ni nani?"

"Nani? Abigaïl?"

"Abigaïl njo nani?"

"Bibi mwenye anaua bwana yake. Mu histoire ya filamu. Niliandika."

"Na sura ya Abigaïl iko ya nani?"

Séphora akatoa visikilizio polepole.

"Ninauliza mutoto wangu," Delphine alisema. "Miye niko na sura moja tu. Sina ya kuazimisha."

Elisée akaruka kati, mdomo bado una karanga. "Mama, ile ni tangazo tu, ya kuvuta bantu. Ni miye nilituma ku batelefone. Inaenda bien, muzuri, sasa bantu elfu tatu baliangalia!"

"Elfu tatu banasema nilimutia bwana yangu sumu. Na kesho saa nane bananifukuza mu lupango."

Elisée aliweka mkate chini. Séphora alikuwa amefunika mdomo kwa mikono miwili, na Delphine aliona kwamba mtoto hakujua lolote kuhusu uvumi. Alikuwa amejifungia humo wiki nzima, anaunga sauti na picha, hajui hata kama mvua imenyesha.

"Mama, ni juu ya Kiki," alisema mwishowe. Kiki ndiye msichana aliyecheza Abigaïl. "Kiki hayue kulia. Tulimupiga filamu siku tatu. Analia kama mwenye kukata kitunguu, halafu anacheka. Na filamu yote inasimama pale, mama, pa ile kilio. Bila ile, hakuna filamu. Basi nikafungua filamu ya kilio ya papa. Nilitafuta sauti tu, nakuapia. Halafu nikaona na sura inafaa. Kiki anaonekana mugongo, halafu weye unaonekana mbele, giza ni moja, kikwembe ni moja..."

"Inafaa."

"Mama, ile kilio niliikata miye mwenyewe kwa familia. Nilikuangalia mara makumi ine, makumi tano. Ku mwisho haukukuwa tena mama. Ulikuwa kipande."

Delphine alikaa juu ya kiti cha Elisée. Neno hilo hakuweza kulipatia mahali pa kuliweka. Alilishika, akaliacha, akauliza lile lililomleta.

"Niliisema kweli? Ile ya kuua?"

"Ulisema."

"Siku gani? Miye sikumbuke."

"Siku ya pili, asubuyi, mbele ya kuenda ku makaburi. Bantu bengi balikuwa inje. Unataka kuona?"

Alitaka na hakutaka. Séphora alifungua. Kumbe alikuwa ameweka yote, masaa matatu, kama Elisée alivyoyapiga, bila wimbo, bila kutolewa kitu. Delphine alijiona kwenye mkeka ule. Akajisikia.

"Mi njo nilikuua, baba! Mi njo nilikutuma Kilwa! Ulisema barabara iko mubaya, nikasema weye ni mwanaume wa namna gani, unaogopa tope! Ulisema mugongo unauma, nikasema samaki haitakuya peke yake! Mi njo nilikuua na samaki yangu!"

Séphora akasimamisha. Cherehani ya jirani iliendelea.

Kwa miaka miwili Delphine alikuwa hajalisema hilo kwa mtu, na alidhani hajawahi kulisema kabisa. Kwa ndugu zake, Rigobert alikuwa ameaga kwamba kuna mgodi upande wa Kilwa umemwita kazini. Aliona haya, fundi mzima, kusema ametumwa samaki na bibi yake. Naye Delphine, alipofiwa, aliuacha uongo wa marehemu ukae kama ulivyo. Kumbe alikuwa ameupasua mwenyewe mbele ya kamera, na akasahau.

"Weye ulisikia," alimwambia mtoto. "Miaka mbili yote unayua."

"Njo maana niliikata, mama. Mu kopi ya familia haimo. Sikutaka papa mukubwa asikie. Nilikuchunga."

Delphine alianza kuhesabu kwa vidole, kama anavyofanya sokoni mambo yakimchanganya. "Papa mukubwa yako ataweka kopi yake. Ataniona ninalia, hakuna neno. Halafu ataweka hii ya telefone, neno iko. Ataniuliza nilisemea wapi?"

"Njo vile."

"Atasema nilikuambia weye, pa siri, mu nyumba."

Séphora aligeukia mashine. Alikata mara ya kwanza kumficha mama, akakata mara ya pili kupata filamu, na vipande viwili hivyo vilipokutana vikawa kesi. Delphine aliona hilo, kisha likampotea, kisha akaliona tena.

"Naweza kuifanya ingine," Séphora alisema haraka, na vidole vilikuwa vimeshafika kwenye mashine. "Ninaacha 'mi njo nilikuua', ninaunga na 'mugongo unauma', halafu 'baba, baba'. Kilwa inatoka, samaki inatoka. Itakuwa kama unalia juu ulimuacha aende mugonjwa. Dakika kumi, mama. Pa kuunga hapataonekana."

"Mama, atafanya muzuri," Elisée alisema. "Hakuna mwenye atayua."

Delphine aliwatazama. Alifikiria funguo, zilizokuwa ndani ya kikwembe, zimefungwa kwenye fundo, zinamchoma ubavu. Dakika kumi. Angebaki na nyumba, angebaki na jina, na Rigobert angebaki na mgodi wake. Ni nini kingeharibika? Alifungua mdomo kusema fanya.

"Na ukiisha kukata hii," aliuliza badala yake, "miye nitakumbuka ipi?"

"Namna gani, mama?"

"Kikombe ya papa yako, siku anaenda. Ilikuwa ya namna gani?"

"Ya bati. Mukono ulivunjika."

"Miye sasa ninaona maua."

Delphine alisimama, akaliangalia giza la kioo ambamo sura yake ilikuwa imesimama na mdomo wazi.

"Usiguse," alisema. "Tutabeba yote."

*

Jumamosi saa nane walikuwa watano sebuleni kwa Guelor: Guelor mwenyewe na tumbo lake, Myriam, shangazi wa Guelor na marehemu anayeitwa Tantine Lombe, Delphine, na Séphora na mashine yake ndani ya mfuko wa sokoni. Televisheni ilikuwa imewashwa tayari.

"Funguo?" Guelor aliuliza kabla ya salamu.

Delphine alifungua fundo, akaziweka mezani.

"Muzuri. Shemeki, miye siko muntu wa kelele. Tutaangalia tu." Akaweka kopi yake ya kilio. Wimbo wa kanisa, watu wamepangwa vizuri, Delphine analia bila sauti. "Dakika makumi mbili na mbili. Nitafutie neno 'nilikuua'. Tafuta. Haimo. Sasa hii." Akainua telefone, na sauti ya kukwaruza ikajaza chumba. "Hii, ulisemea wapi? Kwa nani?"

"Papa mukubwa," Séphora alisema, "zote mbili ni ile kilio moja. Miye nilikata. Niko na yote hapa."

"Yote ni ngapi?"

"Masaa tatu."

"Masaa tatu!" Myriam akasema. "Basi niweke bukari ku moto, tukule?"

Hakuna aliyemcheka. Séphora aliunganisha nyaya, akafungua asubuhi ya siku ya pili. Mara mbili alikosa mahali pa kubonyeza. Na Delphine akajisikia tena, mbele ya wale aliowaficha: nilikutuma, unaogopa tope, na samaki yangu.

Guelor alisogea ukingoni mwa kiti. "Alituambia mugodi ulimuita."

"Aliona haya, shemeki."

"Haya ya nini?"

"Ya kutumwa samaki. Ni miye nilimutuma. Alikataa mara mbili, nikamutukana. Sumu hakuna, kikombe hakuna. Ni ile tu."

"Ile tu," Guelor alirudia. "Ndugu yangu alikufa juu ya samaki, na weye unaniambia ile tu."

"Ku kilio kila bibi anasemaka vile," Tantine Lombe akaingilia, akijipepea na mkono. "Miye ku kilio ya bwana yangu, nililia mbele ya bantu kama nilimuua na chumvi ya mingi. Na ilikuwa malaria! Kama balinipigaka filamu, ningekuwa mu buloko, nimefungwa."

Myriam akaficha mdomo kwa kikwembe. Lakini Guelor hakumsikia shangazi yake, kwa sababu hakuna mtu aliyekumbuka kusimamisha picha, na masaa matatu yalikuwa yanaendelea. Delphine wa siku ile alikuwa bado analia mkekani. Nyuma yake, mlango wa chumba cha ndani ulifunguka. Akatoka mwanaume mwenye tumbo, begani amebeba sanduku la kijani. Alipoiona kamera akasimama, akaweka kidole mdomoni kumwomba mpiga picha anyamaze, akapita.

Lilikuwa sanduku la vyombo la Rigobert. Nyundo, misumeno, spana za reli. Kwa miaka miwili Delphine aliamini limeibwa na wale waliokodisha viti vya kilio, na hata salamu alikuwa amewanyima.

"Zima," Guelor alisema.

"Guelor, ile si weye?" Tantine Lombe alisogeza uso karibu na kioo.

"Séphora, zima ile kintu!"

"Aache iendelee," Delphine alisema. Sauti ilimtoka ndogo, yeye mwenyewe akashangaa. "Si uliita bantu kuangalia? Tuangalie."

Myriam alikuwa ameshusha kikwembe kutoka mdomoni. "Ile sanduku iko chini ya kitanda yetu. Uliniambia balikupatia ku kazi."

Séphora alikuwa amelitoa na hilo, miaka miwili iliyopita. Byenye habifae. Aliwachunga wote, mmoja mmoja, kila mtu na kipande chake, mpaka kilio cha baba yake kikabaki wimbo na viti.

Guelor alisukuma funguo juu ya meza, bila kuinua macho, mpaka zikagusa vidole vya Delphine.

"Ukae mu lupango. Mambo ya sumu imeisha, nitaambia bantu. Lakini Kilwa, shemeki..." Akatikisa kichwa. "Kilwa sitasahau."

"Hata miye," alisema Delphine.

*

Mngedhani alirudi nyumbani anaimba. Hapana. Alitembea na funguo mkononi, hajui kama ameshinda au ameshindwa. Aliondolewa kosa ambalo hakulifanya, na siku ileile akavikwa lile alilolifanya kweli, mbele ya watu, kwa sauti yake. Na sanduku halikurudi. Hadi leo anapopita kwa Guelor wanasalimiana vizuri, anaulizwa habari za soko, na hakuna anayetaja kijani.

Kuhusu filamu: Séphora alitoa sura ya mama usiku ule ule, na palipotolewa pakabaki shimo. Kiki hakuweza kulijaza. Jumapili ukumbi ulionyesha kazi ya mtu mwingine, na Elisée alinuna mwezi mzima. Miaka mitatu ya madaftari ilirudi kwenye mfuko, na Séphora akarudi kwenye ndoa na ubatizo. Alikonda. Delphine alimpikia mboga ya sombe na akamwangalia akila, na hakujua aseme pole au aseme umejitakia, akasema ongeza chumvi.

Mvua zilipokwisha, Séphora alimpiga Kiki filamu upya. Safari hii Abigaïl halii. Anakaa, ameipa kamera mgongo, anaosha kikombe cha bati, anakiosha, anakiosha, na mabega tu ndiyo yanasema. Filamu ilionyeshwa. Watu walipiga makofi, na bwana mmoja kutoka Kinshasa alimwomba Séphora amwandikie nyingine. Delphine alikuwa mstari wa tatu na Cathy.

"Sasa alimuua ao hakumuua?" Cathy aliuliza walipotoka.

"Sielewe," alisema Delphine. Na ni kweli hakuelewa.

Ile ya telefone bado inazunguka. Guelor aliambia watu, Elisée alifuta, Séphora aliandika maelezo marefu, inazunguka. Wiki iliyopita mwanamke mgeni alinunua samaki, akamtazama Delphine sana, akawarudisha. Na asubuhi nyingine, akichemsha maji, Delphine bado anaona maua ya bluu, na inabidi aende kabatini akashike kile cha bati.

Karatasi ifuatayo aliiandika yeye, kwa kalamu ya bic, na imebandikwa juu ya mashine kule Kamalondo. Séphora alisahihisha herufi, maneno hakuyagusa. Mama mwenye mtoto katika kazi hii ainakili.

Mambo ya kuepuka:

Kuweka sura ya mama yako ndani ya filamu bila kumwuliza. Ya mama wa mwingine pia.

Kuchukua machozi ya kilio cha kweli kwa kilio cha kuandikwa.

Kukata neno la mtu katikati.

Kuipa familia kopi iliyokatwa bila kusema imekatwa.

Kutuma tangazo kwenye telefone kabla wenye sura hawajaliona.

Kufuta yale masaa yote ya mwanzo.

Kuangalia mtu mpaka awe kipande.

Kukata uongo mwingine ili kufunika wa kwanza, hata kama ni dakika kumi.

Kubeba vitu vya marehemu wakati wengine wanalia.

Kumwambia mtu anayesafiri kwamba anaogopa tope.